Mwandani Niliyemwacha Kivulini

Nilipoanza kucheza gemu ile nilikuwa na miaka ishirini na tisa, nina kazi, nina akili zangu timamu, na sina mtoto wa kumsingizia kwamba ndiye mchezaji. Nayasema haya mapema ili anayetaka kucheka acheke sasa amalize.

Mwaka 2012 nilikuwa mpiga chapa katika ofisi moja ndogo mjini Lodwar. Tulikuwa na mwenzetu mmoja kutoka Nairobi, mtu wa kompyuta, na saa za mchana, joto linapomfungia kila mtu ndani, alikuwa akifungua gemu kwenye laptopu yake. Katika gemu hiyo dunia imekwisha kwa vita. Maji yameingia sumu. Watu waliobaki wanatembea kwenye mchanga wamejifunga vitambaa usoni, wanalala kwenye vibanda vya mabati na maturubali, na wanabeba mitungi kutafuta maji. Siku moja akageuza skrini ili wote tuone.

"Manze, si hii ni Lodwar tu!" akasema. "Hata hawakuhitaji kuchora. Wangekuja na kamera."

Ofisi nzima ilicheka. Mimi nilikasirika na sikuficha. Nilimwambia Lodwar haijaisha. Watu wanaooa, wanaogombania mbuzi, wanaopaka rangi maduka yao upya kila Krismasi, hawaishi baada ya mwisho wa kitu chochote. Akasema ni utani. Nikamwambia utani wake autie mfukoni na hiyo gemu anipe, maana kama ni kuishi mchangani, mjuzi ni mimi, si yeye anayetafuta feni kabla hajatafuta kiti. Akainakili kwenye laptopu yangu kuukuu. Hivyo ndivyo nilivyoanza, kwa hasira.

Katika gemu ile huendi mbali peke yako, unapata mwandani, mtu wa humo humo ndani ya gemu wa kufuatana nawe. Wangu alikuwa mwanamke wa makamo, fundi wa pampu za maji, mwenye kovu shingoni na spana ndefu begani. Mtu wa kompyuta alinieleza kwamba kila mwandani ana jambo lake la moyoni, misheni yake mwenyewe, na hakuambii mpaka akuamini. Haifunguki kwa pesa wala kwa silaha.

"Lakini huyo mama wa pampu hafunguki," akasema. "Mimi alinishinda. Chukua spana yake, muwache hapo, songa mbele."

Hapo alikosea. Ukitaka nifanye kitu, niambie hakiwezekani.

Sasa nitasema nilivyofanya, na sitajitetea. Nililelewa na bibi yangu kule Kerio, na bibi alikuwa na sheria moja ambayo haikujadiliwa: mgeni hatumwi maji. Mgeni huketishwa upande wa kivuli, hupewa maziwa kabla ya watoto, na wewe mwenyeji ndiye unayekwenda kuchoma miguu yako. Basi nilipompata yule mama wa pampu, nilimketisha. Nilimtafutia nyumba yenye paa zima, nikamwambia angoje pale. Halafu nikatoka peke yangu kupigana na mbwa na majambazi, na kila kizuri nilichopata nilimletea yeye: maji safi, nyama ya kopo, koti la chuma, buti. Kila niliporudi alisema maneno yale yale, "Asante. Nipo hapa." Miezi minane ikapita, misheni haikufunguka. Nikamletea buti nyingine.

Mwaka uliofuata nilihamia Kakuma, kupiga chapa katika chuo kidogo cha ufundi. Chumba nilichopanga hakikuwa na umeme. Kwa hiyo mchana, na Jumapili baada ya kanisa, nilikuwa nikiingia kambi ya wakimbizi, kwenye kibanda cha mshonaji mmoja Mkongo aliyekuwa amevuta waya kutoka kwenye jenereta ya jirani. Mimi nilimwita Fundi, yeye aliniita Dada, ingawa alinizidi miaka kumi. Yeye alishona, mimi nilicheza, na mara chache sana tuliulizana maswali.

Nilimfahamu kutoka chuoni. Fundi alishona tangu akiwa msichana kwao Bukavu, lakini vyeti vyake viliungua pamoja na nyumba. Kwa hiyo chuoni kwetu aliandikwa msaidizi. Alifundisha darasa zima la cherehani, kisha mtu mwingine mwenye cheti akaweka sahihi. Ili awe mwalimu ilimpasa afanye mtihani wa ufundi wa serikali, nao mwaka ule ulikuwa unafanyika Lodwar, Alhamisi moja tu. Mkimbizi hatoki Kakuma bila kibali. Mwaka uliotangulia aliomba, kibali kikachelewa, mtihani ukapita. Mwaka huu ameomba tena, na mkuu wa chuo ameshasema kwamba muhula ujao ataajiri mwalimu mwenye cheti, awe nani awe.

"Nikikosa hii," Fundi aliniambia, "mwalimu mupya anaingia, na mimi narudia kushona vifungo."

Mimi nilikuwa namsaidia. Niliamini hivyo kabisa. Barua yake ya maombi niliipiga chapa vizuri kuliko barua za mkuu. Nilimletea sukari, majani ya chai, uzi. Alipotaka kwenda mwenyewe kwenye ofisi ya vibali, nilimwambia, "Usijichomeshe jua, dada. Kaa tu, nitakuulizia." Nikitoka kazini nilipita pale dirishani, nikauliza, nikaambiwa bado, nikamrudishia jibu hilo pamoja na sukari nyingine.

Jumapili moja, Alhamisi ya mtihani ikiwa imebaki siku nne, nilikuwa nimeketi kibandani nikimkabidhi yule mama wa pampu kopo la nyama. Fundi akanyoosha shingo kutoka kwenye cherehani.

"Uyu mama anasema nini?"

Maneno ya gemu yalikuwa ya Kiingereza, na Fundi alisoma Kifaransa. "Anasema yupo hapa," nikamtafsiria.

"Na jana?"

"Yupo hapa."

Fundi akaondoa mguu kwenye pedeli. "Dada, unamupatia maji, unamupatia nyama, unamupatia viatu. Viatu vya kuenda wapi?"

Nikamweleza habari za bibi yangu, mgeni, kivuli na maziwa. Alinisikiliza kwa heshima mpaka mwisho. Kisha akasema, "Mgeni siku mbili, ya tatu mumupe jembe. Mimi niko hapa miaka kumi na moja. Nangojea jembe."

Nilikasirika. Nilitaka kumwambia kwamba kambi sikuijenga mimi, kwamba wengi hapa hawana hata mtu wa kuwaletea sukari. Neno sukari likanikwama mdomoni. Kila wiki nilikuwa nimemwambia mwanamke huyu akae tu. Nilimfungia kivulini nikamlisha, na nikajiona mwema. Aibu ilinishika, na mimi aibu yangu hutoka ikiwa ukali, kwa hiyo nikapiga vitufe kana kwamba ndivyo vilivyokosa, nikamwamuru yule mama wa pampu ainuke twende.

Tulitembea mchana wote. Alipigwa risasi mara mbili, na mara moja nilidhani nimempoteza, hata Fundi akashika kichwa. Lakini kwenye daraja lililovunjika alisimama mwenyewe bila kuambiwa, akasema alilivuka akiwa msichana. Miezi yote ile na sikujua hata hilo. Penye bomba kavu alieleza ni nani aliyelifunga na kwa sababu gani. Tulipofika mahali ambapo watu wamepanga foleni kungoja maji, alinigeukia.

Nilitafsiri neno kwa neno, Fundi akiwa ameinama juu ya bega langu. Mama wa pampu alitaka kurudi kwenye kituo cha maji alikofanya kazi zamani, ambako alifukuzwa langoni. Ndiye aliyejua valvu ipi ifunguliwe ili maji yashuke bondeni.

"Sitaki ukanifungulie," alisema. "Nitafungua mwenyewe. Nataka uwe umesimama pale."

Maandishi yakatokea kwamba misheni yake imefunguka. Niliruka nikapiga ukelele mpaka mwenye jenereta akaja kuuliza nani ameumwa na nge. Fundi hakuruka. Alikunja kitambaa alichokuwa akishona, akakikunjua, akakikunja tena.

"Kesho saa mbili niko ku foleni ya kibali," akasema, na akarudisha mguu kwenye pedeli. Hakuniomba chochote.

Jumatatu asubuhi nilimwambia mkuu wangu kwamba leo hanipati, namsindikiza Fundi kwenye foleni ya kibali. Akauliza huyo mkimbizi ni nani kwangu. Nikamjibu ni mwalimu wa chuo chako, ila hujamwandika.

"Mkaidi hafaidi mpaka siku ya Idi," akasema.

"Mimi ni Mkristo, Idi si yangu. Nitafaidi leo Jumatatu."

Nikatoka. Nilijua ningeweza kupoteza kazi, na niliogopa, lakini miguu ilikuwa imeshatangulia.

Foleni ilikuwa ndefu na ilikuwa juani. Tulipofika dirishani, karani alinitazama mimi, hakumtazama yeye.

"Mwambie akuje wiki ijayo."

Mimi nina mdomo, na kila anayenijua anajua. Maneno yalikuwa yamejipanga tayari, ya Kiswahili mbele na ya Kiturkana nyuma yake, na nina hakika yule karani ningemweza. Niliyameza. Sijawahi kumeza kitu kigumu namna ile.

"Mtihani ni Alhamisi," Fundi akasema. "Wiki ijayo haitanisaidia kitu."

"Mama, si nimesema?"

"Umesema na uyu. Anayesafiri ni mimi. Uniambie mimi."

Karani akanigeukia tena. "Na wewe? Wewe unataka nini hapa?"

"Nimesimama," nikasema.

Fundi hakupaza sauti na hakuondoka. Aliweka barua ya mwaka jana kwenye ukingo wa dirisha, na ya mwaka huu kando yake, akazinyoosha kwa kiganja kama anavyonyoosha kitambaa kabla ya kukikata. Nyuma yetu alikuwa mama mmoja mrefu wa Sudan Kusini, aliyekuwa na kila haki ya kutuambia tupishe. Akasema, "Wacha amalize. Sisi tunangoja." Hakuna aliyesukuma. Karani aliwatazama wote wale, akaona hakuna wa kumsaidia, akainuka akaingia ndani.

Alirudi na kibali. Kilikuwa kimesainiwa. Tarehe iliyoandikwa chini ya sahihi ilikuwa ya Ijumaa asubuhi, na Ijumaa hiyo hiyo jioni mimi nilipita pale, nikauliza, nikaambiwa bado, nikaenda kununua sukari.

Jumatano tulishuka Lodwar. Penye kizuizi cha polisi nilimnyooshea Fundi mkono anipe kile kibali nimpe askari, yeye akaurudisha mkono wangu chini na kukitoa mwenyewe. Tulilala kwa shangazi yangu, mtaa wa Nawoitorong. Alhamisi, kabla jua halijakaza, akaingia kwenye chumba cha mtihani akiwa na mkasi wake na tepu yake shingoni.

Mlinzi wa pale alikuwa mzee mpole. "Ejok, mama," akanisalimia. "Jua kali hii. Kuja hapa kwa kivuli."

Nilimshukuru nikakataa. Nilikuwa nimechagua mahali palipoonekana kutoka dirisha la chumba alimokuwa Fundi, na pale hapakuwa na hata mti wa kumfunika kuku. Mlinzi akarudi mara ya pili na kikombe cha maji, akanitazama usoni kuona kama niko mzima. Nikanywa maji, nikabaki pale pale. Jua lilivuka utosi wangu na kuanza kushuka upande wa pili. Fundi aliinua kichwa mara tatu. Mara zote tatu nilikuwepo.

Alitoka na vipande vya uzi kwenye nywele.

"Walinipatia mashini yenye sindano butu," akasema. "Nikawaambia wabadilishe."

"Wakasema nini?"

"Wakabadilisha."

Kuhusu mtihani hakunieleza zaidi ya hayo. Cheti kilikuja miezi kadhaa baadaye, na mkuu wangu, ambaye hatimaye hakunifukuza, alimwandika Fundi kwenye daftari la walimu kwa mkono wake mwenyewe, mimi nikiwa nimesimama mlangoni. Lakini siku ile hatukujua hayo. Siku ile alikuwa na kibali chenye siku moja zaidi na mji mzima mbele yake. Akasimama barabarani akitazama maduka yaliyopakwa rangi, wauza samaki, benki, pikipiki, wasichana wa shule.

"Kumbe Lodwar ni muji!" akasema, na nikatamani yule mtu wa kompyuta angekuwepo asikie.

Kisha akaanza kutembea. Alitembea mbele yangu, kwa haraka, tepu ikipepea begani, bila kugeuka kuona kama ninamfuata. Penye njia panda akakata kushoto kuelekea mtoni. Kwa shangazi ni kulia, na njia zile nazijua hata nikifumba macho. Sikusema neno. Nikakata kushoto nyuma yake.