Mivengi ya Chemchemini

Siku ile chemchemini tulikuwepo hawa: mimi niliyekuwa na miaka kumi na minne, mdogo wangu wa kiume, kitindamimba wetu wa kike aliyekuwa bado anapenda kubebwa, bibi jirani, na mbwa wa bibi jirani, maana bibi hakuwahi kuhesabu watu akamruka. Baba na mama tulikuwa tumewazika wote wawili ndani ya mwaka mmoja.

Mwezi uliopita nilikuwa natoka Uyole kwenda kwetu Mufindi. Basi liliposimama Igawa, mama mmoja akaniinulia dirishani kopo la zambarau mwitu, zile ndogo zenye ukakasi. Nilitia moja mdomoni tu, rafiki yangu, bonde letu lote likanijia.

Mti wake kwetu tunauita muvengi. Pale chemchemini mingi ilikuwa vichaka tu, haimpiti mtu mzima kimo, imeshikana kuyazingira maji kama wanawake waliomzunguka mwenzao anayejifungua. Kiangazi, nyasi zote zikiwa zimekauka, yenyewe ndiyo ilichanua. Maua yake hayana petali za maana. Ni nyuzi nyeupe tupu, laini, zinazodondosha utamu. Nyuki walikuja mpaka bonde zima likavuma, na ukiegemeza kiganja kwenye shina uliusikia mvumo ule ndani ya mkono wako.

Mwaka ule nilikuwa nimeacha shule darasa la sita. Baba mdogo, aliyekuwa akichimba dhahabu Makongolosi, alikuwa ameshasema: akirudi akakuta hatuna chakula, atawagawa wadogo zangu, mmoja aende naye, mwingine kwa shangazi. Tumaini langu lilikuwa kinyungu, kile kishamba cha bondeni kinacholimwa kiangazi kwenye unyevunyevu. Chetu kilikuwa chembamba kama mkeka, na mivengi ilikuwa imekalia udongo ulio bora. Nikaenda na panga. Nilikwisha kukata miwili bibi jirani alipotokea na ndoo yake.

“We mtoto, hiyo panga weka chini.”

“Naongeza kinyungu, bibi.”

“Na hayo maji anayeyashika ni nani, mjomba wako?”

Mdogo wangu akadakia, “Sasa bibi, tutakula maua?”

“Nyuki wanakula, na wana adabu kukuzidi.”

Kitindamimba alicheka. Mimi nililia, nikamweleza habari ya baba mdogo. Bibi aliweka ndoo chini. Alinishika mkono akanipigisha magoti penye mizizi, akaniambia niingize vidole. Mizizi ilikuwa myembamba kama nywele, na katikati yake maji yalikuwa yakisukuma, baridi ya kuuma mifupa, mchanga ukicheza juu yake bila kuchoka. Niliogopa kama mtu aliyefungua mlango wa watu bila kupiga hodi.

Kisha akaingia kwenye kinyungu chake, akakipima kwa nyayo, akachomeka kijiti katikati. Kwetu kinyungu ni cha ukoo. Hapewi mtu baki. Yeye alisema tu, “Kuanzia hapa ni kwako. Mivengi niachie.”

Baba mdogo alipokuja alikuta maharage na mahindi mabichi. Alikula, akalala, akaondoka peke yake.

Kosa langu lilikuja baadaye. Wadogo walipofika sekondari, kila mtu kijijini alikuwa akipanda milingoti, yaani mikaratusi, auze nguzo. Nami nikapanda, kwenye mteremko ulio juu ya chemchemi. Ahadi niliitunza: sikugusa muvengi hata mmoja. Sikujua kwamba mti unaweza kuuawa bila panga. Milingoti ilikunywa na kurefuka. Ikawasomesha wadogo zangu. Mmoja leo ni mwalimu palepale kijijini, mwingine muuguzi Iringa. Na kila kiangazi chemchemi ilirudi nyuma, mivengi ikakauka kuanzia nchani. Bibi jirani akawa anapita mlangoni kwangu na ndoo, akienda mbali zaidi kila mwaka. Aliniamkia tu, “Kamwene, mwanangu,” akapita. Ningefurahi kama angenitukana.

Alifariki kabla sijakata mlingoti hata mmoja.

Nimeikata yote sasa, ingawa visiki vinachipua kila nikigeuka. Nimepanda mivengi mahali pake. Mingine imekufa, iliyobaki inanifika magotini, na mdogo wangu yule mwalimu huimwagilia kwa maji ya bomba la shuleni. Safari hii nilikuta mche mmoja umetoa kishada cha maua, na nyuki wawili juu yake. Nilisimama pale nikiwatazama mpaka jua likanichoma kichwa. Watoto wa siku hizi hawajui kwamba bonde hili liliwahi kuvuma.

Niliinama nikafukua chini ya mche kwa vidole, mpaka kiwiko kikazama. Mchanga ni mkavu. Yeye alinipa nusu ya kinyungu chake, nami bado sijamrudishia maji yake.