Mlinzi wa Mbolea Isiyonuka

Kila asubuhi, kabla hajagusa kahawa, mjomba Delmar alikitemea mate kitambulisho chake cha bati, akakisugua kwa mkono wa shati mpaka kikang'aa. Akishakivaa kifuani, ndipo anakuwa mtu. Kabla ya hapo alikuwa mkulima wa maharage aliyeshindwa na maharage.

Kazi yenyewe ilikuwa kukaa getini. Kiwanda kilijengwa ndani kabisa kwenye vinamasi, huku kwetu kusini mwa Florida, wakati ule Warusi walipotundika mwezi wao wa bati angani na wakubwa wetu wakakosa usingizi. Wageni wenye viatu visivyojua matope wakasimamisha kibao: KIWANDA CHA MBOLEA. Chini yake wakachora kabichi. Sijui nani aliwahi kulima kabichi pale. Mamba ndio wanaoota jua.

Bosi, bwana Strand, alimpa agizo fupi: "Ukiulizwa, sema mbolea. Usiongeze neno."

Mjomba akaongeza. Mtu aliyezoea kusalimiwa kwa kidevu tu, ghafla anawekewa kiti katika duka la Bi Verlie, atanyamaza vipi?

"Mbolea gani hiyo isiyonuka, Delmar?" mzee Cobb alimuuliza siku moja, macho kwenye drafti.

"Ya kisasa. Harufu imetolewa."

"Na mbona mnawanyang'anya watu viberiti getini?"

"Mbolea kali hiyo, mzee. Haitaki mchezo."

"Na yale mabomba? Nimeyaona yamevaa barafu, na joto hili linayeyusha mpaka meno yangu."

Mjomba aliwaza kidogo. "Ikiwa baridi inakaa ardhini muda mrefu," akasema. Duka zima likaangua kicheko. Yeye akadhani wamefurahi.

Kila mtu alijua si mbolea. Wengine walisema mabomu, Bi Verlie alisema pombe ya serikali. Mjomba peke yake ndiye aliyeamini kile kibao, yeye na shemeji yake, Hoyt, kaka wa mkewe Odessa. Na kwa bahati mbaya Hoyt ndiye aliyekuwa na shamba.

"Usinunue mbolea mjini, shemeji," mjomba alimwambia wakati wa kupanda. "Utapoteza hela bure. Nitakuletea lori zima, niko nao pale."

"Una hakika?"

"Mimi ndiye ninayefungua geti, bwana. Nani anipite?"

Hoyt akapanda maharage kwenye mchanga mtupu, akangoja lori. Malori yalitoka, tena mengi, matangi marefu yenye walinzi mbele na nyuma. Hakuna lililokata kona kwenda kwa Hoyt. Maharage yakaota, yakawa njano, yakasimama hapohapo kama yamekatazwa.

Mwishowe mjomba alivaa shati la kanisani akaingia kwa bosi kuomba lori moja tu. Aliporudi alikaa jikoni na Odessa, nami nililala chumba cha pili, na ukuta wetu ni mbao tupu, nikasikia yote.

"Hawana hata kijiko, Odessa. Ni gesi. Wanaipoza mpaka inakuwa maji, halafu wanaipeleka kuchomwa kwenye roketi."

"Maji yanayochomwa?"

"Ndivyo alivyosema. Nikamwambia, na kabichi je? Akacheka mpaka akavua miwani."

"Nenda ukamwambie kaka yangu, Delmar. Leo hii. Bado anaweza kuuza lile trekta apande upya."

"Siwezi. Nimesainishwa. Nikisema kweli, jela."

Odessa alichota uji mzito wa mahindi akamwekea samaki juu, akaenda kulala bila kula wake.

Jumamosi Hoyt alikuja dukani na mche mmoja wa maharage, mizizi na mchanga wake. Akauweka katikati ya ubao wa drafti. Mzee Cobb aliokoa kete zake. Pembeni alikaa yule bwana wa suti anayekuja kila wiki kusoma gazeti na hanunui chochote. Tulijua katumwa na kiwanda, hata mbwa wa Bi Verlie alijua.

"Shemeji," Hoyt akasema taratibu. "Nimekusikiliza wewe, sikuwasikiliza hawa. Niambie mbele yao. Kile kiwanda kinatengeneza mbolea au hakitengenezi?"

Mjomba alitazama gazeti. Gazeti halikugeuzwa ukurasa.

"Delmar, sikutukani. Nataka kujua tu kama ningoje au niuze trekta."

"Uza," mjomba akasema.

"Kwa hiyo si mbolea."

"Ni mbolea."

"Ni mbolea, na niuze trekta?"

"Ndiyo."

Mtu mmoja akacheka puani, akaacha. Yule wa suti akakunja gazeti na kuandika kitu kwenye kiganja, kama mtoto anayeibia mtihani. Hoyt aliokota mche wake akaupangusa mchanga, sijui wa nini tena.

Mjomba akasimama. Bi Verlie akamuuliza, "Unakwenda wapi, soda yako hujamaliza?" Akajibu anatoka kidogo. Hakwenda kwenye gari lake, wala kwa Odessa, wala kiwandani. Kupitia mlango wa wavu nilimwona ameshika barabara ya mfereji, upande wa kaskazini, anatembea bila haraka. Mzee Cobb akaanza kupanga kete zake upya, akinung'unika kwamba alikuwa anashinda. Mjomba akapita daraja, na hakurudi.