Mjerumani na Sharifu Wake

Vita vilikuwa vimekwisha, na Mhindi mmoja wa Changamwe alinunua mnadani sanduku la sinema za kimya zilizoachwa na Wajerumani. Alitundika shuka kwenye ukuta wa ghala lake, akapanga mabenchi, ndipo akagundua kwamba maneno yanayotokea kwenye picha hakuna mtu ayajuaye. Isipokuwa mimi. Baba yangu alisomeshwa na Wajerumani kule Tanga, naye akanifundisha, fimbo mkononi. Basi kila Ijumaa baada ya magharibi nilisimama kando ya shuka nikiwaeleza watu kinachosemwa. Nilikuwa na sauti nzuri, na nilijua kwamba ninayo.

Sanduku zima lilikuwa la mwigizaji mmoja, Mjerumani. Tulimwona angali kijana mwembamba, mhudumu wa hoteli, tukamwona daktari, tukamwona ameshaota kitambi. Wanawake wa sinema zile walihangaika naye bure. Macho yake kila mara yalimfuata mwanamume fulani, nami kila mara nilitangaza, "Huyu ni ndugu yake." Hata mama mmoja aliyekuwa akiuza mbaazi pale akaniuliza, "Mwanangu, kwani mamake huyu alizaa wangapi?"

Ijumaa moja Mjerumani huyo akapiga goti, akambusu mkono luteni mmoja. Nikaona leo nimekwisha. Lakini kwetu pwani mkono wa mkubwa hubusiwa, wa baba, wa maalimu, wa sharifu. Watu wakanong'onezana kwamba kumbe luteni yule ni sharifu, na benchi zima la mbele likamswalia Mtume. Sikuwasahihisha. Nilicheka hadi nikashindwa kusoma.

Aliyekuwa hacheki ni rafiki yangu, karani wa bandarini, mtu wa Rabai. Tuliishi chumba kimoja, na mtaani walituita chanda na pete. Hawakukosea sana. Nilimpenda, naye alijua, ila neno lenyewe lilikuwa halijatamkwa na yeyote kati yetu. Kwao walikwisha kumtafutia mchumba, na Jumamosi wazee wangekuja kumchukua wapeleke tembo la mnazi la posa. Alisema ataenda. Nikamwambia aende salama, kisha nikaunguza wali.

Ijumaa, kesho yake ndiyo aende, ilionyeshwa sinema ya mwisho, ya Mjerumani na luteni yule yule. Luteni alikuwa amepanda gari la moshi. Mjerumani amesimama kituoni, kofia mkononi, hana tena la kuficha. Kukatokea neno moja tu, "Baki." Mwenye akili zake angelisoma akanyamaza. Mimi nikasema polepole, mabenchi yote yakisikia, "Anasema, usiende. Nimekupenda miaka yote hii, na woga wangu ndio uliokuita ndugu. Shuka, turudi nyumbani."

Nikasikia mashine ya Mhindi ikizunguka. Kisha mama wa mbaazi akasema, "Sasa si angesema tangu mwanzo? Ametuchosha." Watu wakacheka, na luteni aliposhuka wakampigia makofi, sharifu na usharifu wake.

Tulirudi kwa miguu mimi na rafiki yangu, tukavuka reli.

"Neno lenyewe lilikuwa fupi," akasema.

"Kijerumani ni lugha ya mkato, bwana."

"Kijerumani sikijui. Sauti yako naijua."

Niliogopa usiku ule kuliko nilivyoogopa vita vyote, maana lililokwisha kusemwa mbele ya Changamwe nzima halirudi tumboni.

Asubuhi wazee wake walipobisha hodi, walimkuta hajavaa hata viatu. Aliwaamkia kwa adabu zote, akawaketisha kitandani kwetu, akawaambia kwamba haendi. Kisha akanigeukia mbele yao, akaniuliza kama sukari ya chai ipo.