Kitabu cha Theluji

Nilishuka kutoka Marsabit kwa lori la mbuzi. Dereva alikuwa mfanyabiashara Mwislamu wa Maua, mtu wa maneno mengi, na kila aliposimama, Isiolo, Meru, Nkubu, alinitangaza kwa watu kana kwamba mimi pia nilikuwa wa kuuzwa. "Huyu ameshindwa na jangwa," alisema. "Nampeleka kwenye majani." Sikuwa nimeshindwa. Kazi ya kuchimba visima ilikuwa imekwisha, mtambo umeondoka, nami kama kawaida yangu nilikuwa nimepachoka mahali kabla hapajanichoka.

Tulipofika kwenye njia ya kuingia Kanyakine aliniuliza kama nashuka, kwa sababu nilikuwa nimemwambia ndiko nilikozaliwa. Nikamwambia aendelee. Mahali ninapopakumbuka kule hapapo tena. Kahawa iling'olewa, na mfereji uliopita nyuma ya jiko la mama ulifukiwa mabomba yalipoletwa. Nikilala ugenini bado husikia ule mfereji. Kutoka hapo barabara ni kushuka mtoni na kupanda kilima, Mutonga, Nithi, Thuci, na mbuzi walilia kwenye kila mteremko. Embu nilifika nikinuka kama wao.

Nilikuwa nimesikia kwamba chuo kimoja kidogo, juu ya mji, njia ya kwenda Kibugu, kilitaka mtu wa kutunza stoo ya vifaa na chumba cha vitabu. Chuo kilifundisha ufundi wa maji: kupima mito, kulaza mabomba, kutunza visima. Mimi nina cheti cha kidato cha nne na mikono iliyozoea spana. Walinichukua. Nikapewa funguo mbili na chumba nyuma ya jikoni, na kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu nikafikiri labda nimefika. Asubuhi ukungu ulishuka kutoka msituni hadi kwenye majani chai, na nilipenda kusimama mlangoni na kikombe changu nikiutazama ukiondoka.

Nataka kueleza kwa nini niliondoka, kwa sababu watu wa kwetu husema mimi huondoka tu. Pale niliondoshwa na kitabu.

Mwaka huo chuo kilianzisha somo la haidrolojia kwa wanafunzi wa mwaka wa kwanza. Haidrolojia ni elimu ya maji yanavyotembea: mvua inaanguka wapi, inazama wapi, mto unajaa kwa nini. Wanafunzi walihitaji kitabu kimoja cha kuanzia, na wauzaji walileta sampuli mbili. Mimi ndiye niliyezifungua na kuziweka kwenye rafu, na kwa kuwa jioni za kule ni baridi na sina redio, nilizisoma zote mbili.

Kikubwa kilitoka ng'ambo. Kilikuwa kizito, jalada gumu, picha za rangi. Sura ya kwanza ilianza na theluji inavyoyeyuka baada ya majira ya baridi, na kabla hujatulia unakutana na hesabu ambazo sikuwahi kuziona shuleni. Nilijaribu, nikapotea. Kidogo kiliandikwa na walimu wa hapa hapa nchini. Kilianza na mvua juu ya paa la mabati, kisha kikauliza: maji haya sasa yanaenda wapi? Hesabu zilikuja polepole, moja ikibebwa na nyingine. Na kilikuwa na sura nzima juu ya mito ya mchanga, ile ya nchi kavu ambayo karibu mwaka mzima huoni maji juu yake, lakini yamo chini. Hakikuwa kamilifu. Picha zilikuwa hafifu, na habari za mafuriko kiliziparuza tu.

Sura hiyo ya mito ya mchanga ndiyo iliyonishika, kwa sababu ya mwanafunzi mmoja. Alitoka Kiambere, mwanamume wa miaka thelathini na kitu, mwenye mke na watoto. Kwao wanaliona bwawa kubwa la umeme kila siku, na bado wake zao huchota maji kwenye mashimo yaliyochimbwa mchangani. Mradi wa maji wa kijiji ulimchagua yeye aje asome, kisha arudi awaonyeshe mahali pa kujenga ukuta wa kuzuia mchanga mtoni, ili maji yabaki. Walikuwa wamejenga mmoja kwa kubahatisha, ukabebwa na maji. Mtihani wa kwanza, uliotungwa kwa madondoo ya mwalimu, alikuwa ameanguka. Kanuni ya chuo ilikuwa wazi: ukianguka mara ya pili, unarudi nyumbani. Aliketi kwenye ngazi za stoo yangu akisoma kwa sauti, kidole chini ya mstari, kama anayemfuata mchwa.

Kamati ya kuchagua kitabu ilikaa siku ya Alhamisi. Kulikuwa na mkuu wa chuo, mwalimu wa somo lenyewe, walimu wengine wawili ambao hawakufungua mdomo ila kwa mandazi, na mwenyekiti, mjumbe wa bodi, mzee wa kanisa mwenye sauti nzuri. Mimi niliitwa nilete vitabu. Mkutano ulifunguliwa kwa maombi, chai ikapita, vitabu vikazungushwa. Niliwatazama. Hakuna aliyesoma hata ukurasa mmoja. Walikipima kikubwa mkononi kama watu wanaonunua kuku, wakapapasa jalada, wakatikisa kichwa kwa heshima. Kidogo kilizunguka meza haraka sana.

"Mwalimu, wewe ndiye mwenye somo," mkuu alisema. "Tuongoze."

"Hiki kikubwa ndicho nilichosoma chuo kikuu," mwalimu akajibu. "Tulikuwa tunakigombania, watu kumi nakala moja. Nimekilalia njaa hiki kitabu."

Sasa naweza kusema alikuwa mtu hodari, aliyefika darasani kabla ya wanafunzi wake. Lakini alikuwa na ugonjwa tulio nao wengi: njia iliyomtoa damu aliiona ndiyo njia pekee ya haki, na aliyepita penye nafuu alikuwa mwizi.

Nikainua mkono. Mkuu alishangaa, akaniruhusu. Nilisema kikubwa ni kizuri kwa atakayeendelea, ila wetu wanaanza. Nikataja udhaifu wa kidogo, ili wasione nakipigia debe. Kisha nikasema tunaye mwanafunzi wa Kiambere ambaye kijiji kinamsubiri, na hiki kikubwa kinaanza na theluji.

"Kwani ule mlima hapo nje umepakwa unga?" mwalimu akauliza, akionyesha dirishani kilele chenye theluji.

Chumba kizima kikacheka. Hata mwenyekiti alifuta machozi.

"Mwalimu, huyu hahitaji ule mlima," nilisema. "Anahitaji mchanga."

"Niambie, mzee. Hiki kidogo umekisoma?"

"Nimekisoma."

"Ukakielewa?"

"Nimekielewa."

Akawageukia wenzake, mikono wazi. "Mmesikia wenyewe. Kitabu kinachoeleweka na mtu wa stoo, kitamfundisha nini fundi wa maji?"

Walicheka tena, lakini kwa chini, kwa sababu waliona uso wangu. Nikaanza kujibu. Nilikuwa na jibu zuri, naapa. Lakini mwenyekiti alikuwa ameshasimama. "Ndugu zangu," akasema, "tusimpe shetani wa mgawanyiko nafasi. Nani anapendekeza kikubwa? Mwalimu. Nani anaunga mkono? Asante. Tufunge kwa maombi."

Vichwa vyote vikainama. Nilibaki nimesimama na mdomo wazi, sentensi yangu imekatwa katikati. Sikufumba macho. Nilimsikia akimshukuru Mungu kwa chai, kwa umoja, na kwa kitabu alichotuchagulia. Alichotuchagulia! Mimi pia ni Mkristo, nilibatizwa Kanyakine, lakini siku hiyo nilitaka kupiga meza. Huku kwetu jambo likishafungwa kwa maombi halifunguliwi tena. Ukilirudia, hushindani na kamati, unashindana na Mungu. Nimeona mashamba yakigawanywa hivyo, na ndugu wakipokonywa sehemu yao wakiwa wamefumba macho, wakisema amina.

Vikubwa vilifika, nikavipanga, wanafunzi wakavichukua. Sampuli ya kidogo ilibaki kwenye rafu na mimi sikuificha. Aliyeomba, nilimpa. Baada ya muda nikaona darasa zima lina kopi za sura mbili tatu, zimetolewa mjini na kubanwa kwa stepla. Yule wa Kiambere alitoa kopi ya sura ya mchanga, akaifunga kwa karatasi ya nailoni isilowe. Siku moja alicheka peke yake pale kwenye ngazi hadi nikatoka.

"Mzee, hawa watu wamefika kwetu?"

"Kwa nini?"

"Wameandika usijenge ukuta mahali mto unapopinda. Sisi tulijenga hapo hapo! Kwa sababu ndipo karibu na kwa mwenyekiti wa mradi." Akapiga goti lake kwa furaha. "Kumbe si laana. Ni kona."

Sijawahi kuona mtu akifurahia kosa hivyo. Akachukua kijiti akanichorea mto wao kwenye udongo, akaweka mawe mahali ambapo mwamba hutokeza, akaniuliza mimi ningejenga wapi. Nilimwonyesha. "Hapana, mzee," akasema, "utatuua na kiu." Tulicheka wote wawili.

Mwalimu alizigundua kopi hizo wiki moja kabla ya mtihani. Aliuliza swali la theluji, mtu akamjibu kwa habari ya paa la mabati. Aliandika kwenye kundi la WhatsApp la darasa kwamba mtihani wake hautatoka kwenye makaratasi ya mitaani. Kisha mkuu akaniita. Mwalimu alikuwa ameketi pembeni, miguu amekunja.

"Unavuruga somo la mwenzako," mkuu alisema. "Kamati iliamua. Kusanya hizo kopi zote, uzilete hapa."

"Wanafunzi wakisoma zaidi ni kosa?"

"Mzee, usinijibu kama mtoto. Jambo hili tuliliombea."

Nilitoka nje. Nilikwenda moja kwa moja kwa yule wa Kiambere, kumwambia asinipe. Nilitaka hata mtu mmoja akatae pamoja nami. Nilimkuta kwenye ngazi na kile kikubwa magotini. Hata sijamaliza kusema, aliingiza mkono mfukoni, akatoa ile karatasi ya nailoni, akaniwekea mkononi.

"Chukua tu, mzee."

"Na ukuta wenu?"

"Nikianguka, nitarudi nyumbani bila chochote. Kwetu hawatauliza nimejua nini, watauliza cheti kiko wapi. Wacha kwanza nipite." Hakunitazama. "Theluji nimeanza kuishika."

Sikumkasirikia. Ningemkasirikia ingekuwa nafuu. Hasira yote iliyokuwa imenijaa tangu ile Alhamisi ilikosa pa kwenda. Mtu mzima alikuwa amejua kwa nini ukuta wao ulibomoka, amekuja umbali wote huo kwa ajili ya kujua hilo tu, na sisi, chuo, tulimfundisha kulikabidhi ili afaulu.

Kopi nyingine sikuzikusanya. Nilimrudishia yake, akasita, nikaisukuma chini ya jalada la kile kikubwa na kumwambia asiifungue hadi baada ya mtihani. Sijui kama aliifungua. Nilirudi ofisini, nikaweka funguo mbili mezani mbele ya mkuu. Akaniuliza ninakwenda wapi katikati ya muhula. Nikamwambia sijui, na lilikuwa jibu la kweli. Mwalimu alisema, "Mwache, hawa watu wa safari hawatulii." Nilimjibu neno ambalo siwezi kuliandika hapa, wala silijutii.

Nguo zangu zilijaa begi moja. Yule wa Kiambere aliniona nikivuka uwanja, akaja mbio, akanipokonya begi, kwa sababu kwao mgeni haondoki bila kusindikizwa hadi barabarani. Tuliteremka kati ya majani chai, yeye mbele na begi langu begani, mimi nyuma, na njia nzima alikuwa akinong'ona, neno kwa neno, namna theluji inavyoyeyuka. Alipokwama alisimama, akafumba macho, akaanza upya.