Kicheko Ndani ya Filamu ya Maabara

Binti aliyekuja kutupiga filamu alizaliwa Hedaru, akaenda kusomea kazi hiyo Dar es Salaam. Alitaka filamu fupi isiyo na hadithi wala maneno: mikono tu, vioo, damu na sauti za mashine. Mimi nafanya kazi maabara, katika hospitali moja hapa Same. Nilimwambia sina neno, mradi majina ya wagonjwa yasionekane.

Siku hiyohiyo mama yangu aliteremka kutoka kijijini kwetu Bombo. Uchovu ulikuwa umemzidi. Nikamtoa damu mwenyewe, na binti akaomba kurekodi mikono yetu.

"Anapiga picha mikono ya nini?" mama akaniuliza. "Kwani sura yangu mbaya?"

Akacheka mwenyewe. Nikapaka damu yake kwenye kioo, nikaitia rangi, nikainamia hadubini. Chembe nyeupe zilikuwa nyingi mno, nyingi zikiwa changa. Nilijua ninachokiona: saratani ya damu. Binti alikuwa nyuma yangu na kamera yake, hakujua. Nikaandika majibu, nikachukua sampuli ya mgonjwa mwingine.

Mama hakuziona mvua za vuli. Tulimzika Bombo.

Filamu ilipokamilika ilionyeshwa kwenye ukumbi wa kanisa, nikaenda na kaka yangu. Mikono yangu ilijaa ukuta mzima. Kikafuata kile kioo cha damu ya mama, zambarau tupu, na mtu nyuma yetu akasema chembe zinafanana na maua. Kisha, katikati ya mngurumo wa mashine ya kuzungusha damu, mama akacheka.

Kaka alinishika mkono, analia. Mimi nilikuwa naangalia kioo.

Taa zilipowashwa binti akanijia. Msiba alikuwa ameusikia. "Pole sana, dada. Ukitaka nikitoe kicheko, nitakitoa."

"Kiache."

"Umeionaje?"

"Rangi kwenye kioo ilikuwa nzito kidogo upande mmoja."

Alinitazama kama anayesubiri niendelee. Nikamuaga.

Nje kaka akaniuliza, "Wewe hata chozi?"

"Sijui," nikamjibu. Ndivyo ilivyokuwa, sikuwa namficha kitu. Tukala wali na maharage waliyopika akina mama wa kwaya, nikamaliza sahani yangu.

Asubuhi nilifungua maabara kama kawaida. Mzee mmoja kutoka Kwakoa alikuwa ameshakaa kwenye benchi.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, mwanangu. Itauma?"

"Kidogo tu," nikasema, nikamwomba akunje mkono wa shati.