Sauti Yangu ya Kungojesha

Ile radio niliianzisha mimi. Niliseme hilo mapema, maana hadi leo watu wa Kampemba, mtaani kwetu, husema ni ya mdogo wangu, na kila wakisema hivyo roho inanichoma upya.

Mimi ndiye niliyechoshwa na radio za mji na nyimbo zao zilizojaa majina ya wakubwa. Nilitaka muziki wa vijana wanaopiga gitaa kwa hasira, wanaorekodi kelele za karakana na kuzigeuza wimbo. Radio ya intaneti haihitaji mnara. Tulikuwa na kompyuta, maikrofoni moja, na kisanduku cha intaneti tulichokichomeka ukutani sebuleni. Chumba chetu cha kulala kikawa studio. Tulitundika mablanketi kwa sababu ya mashini ya jirani ya kusaga mahindi, iliyonguruma nyuma ya ukuta kutwa nzima. Umeme, yaani kuran kama tunavyoita sisi, ulipokatika, mashini ilinyamaza, kisanduku kikazimika, nasi tukatoka hewani. Na Lubumbashi kuran hukatika kama mtu anavyopiga chafya.

Kwa ajili ya saa hizo nikarekodi maneno machache. Binamu yetu aliyeko Ulaya akayaweka kwenye kompyuta yake, ile iliyowarushia wasikilizaji matangazo yetu, yajipige yenyewe kila tunapopotea: "Mungojee kidogo, bandugu. Kuran imekatika. Tunarudia sasa hivi." Halafu gitaa, halafu maneno tena. Siku ya kurekodi, mdogo wangu alinifunika blanketi kichwani ili mashini isisikike, akashindwa kujizuia, akacheka. Kicheko kikabaki mwishoni. Nikasema basi, kiache, nani atakisikia?

Wiki ya pili nilipata mafua. Nikamwomba anishikie maikrofoni siku moja. Siku moja tu, jamani! Sikurudishiwa tena.

Siwezi kusema uongo, alikuwa na sauti. Alizungumza kama mtu anayekukaribisha mezani. Mwanzoni tulikuwa na wasikilizaji watatu, mmoja akiwa mama, aliyesikiliza kwa simu jikoni, hatua nne kutoka tulipokaa. Kisha wakaja wanafunzi, kisha Wakatanga walio ng'ambo, kisha vijana wakaanza kubisha mlango na nyimbo zao kwenye flashi. Wote walimuuliza yeye. Mimi nilikuwa yule anayekunja waya. Siku moja sokoni muuza nyanya aliniangalia sana, akasema, "Weye njo yaya ya ule mutoto wa radio? Umwambie tunamupenda mubaya!" Yaya kwetu ni ndugu mkubwa, na kupenda mubaya ni kupenda mno. Nilitabasamu. Njiani nilizibinya nyanya zake hadi zikapasuka.

Ndipo nchi ikatibuka. Tulingojea matokeo ya uchaguzi, askari wakajaa barabarani, faranga ikaporomoka kila asubuhi, na watu waliokimbia mapigano kule Mitwaba wakalala kwenye mashamba ya Kasungami, ukingoni mwa mji. Watu wakiwa na hofu hutafuta sauti. Walitafuta ya kwake. Ujumbe ulimiminika, na hakuna hata mmoja uliouliza habari yangu.

Mungu anisamehe, mchana mmoja nilikuwa nimekaa karibu na kisanduku, nikimsikia akitaniana na wasikilizaji, na mkono wangu ukaenda wenyewe. Nikachomoa waya. Nikaweka simu sikioni. Ulimwengu mzima ulikuwa unanisikiliza mimi: mungojee kidogo, bandugu. Ilikuwa tamu!

"Yaya," akaita kutoka chumbani, "kuran imekatika?"

"Imekatika, mudogo."

Nani atatilia shaka kuran kukatika hapa kwetu? Nilirudia mara nne, mara tano. Kila mara nilijiambia ni ya mwisho.

Kisha ukaja uvumi kwamba intaneti ingefungwa nchi nzima siku ile ile. Mdogo wangu aliandika kwaheri yake kwenye karatasi huku machozi yakimtoka, akakimbilia maikrofoni. Nilimsikia akianza, "Bandugu zangu..." Nikawaza, hata kwaheri iwe yake? Nikachomoa. Nilipochomeka tena, taa ya mtandao haikuwaka. Walikuwa wamefunga kweli. Maneno yake yote aliyaambia mablanketi.

Kwa siku nyingi hakuna aliyejua habari za mwenzake. Kule Ulaya sauti yangu iliendelea kuzunguka, mchana na usiku, na mimi nilifurahi. Nalisema kwa aibu, lakini nilifurahi. Mdogo wangu alikaa jikoni na mama akichambua maharagwe.

Intaneti iliporudi, ujumbe ulikuwa mwingi hata simu ikaganda. Alinisomea kwa sauti. Wale wa ng'ambo waliandika kwamba waliiacha radio ikilia nyumbani kwao siku zote zile, kwamba kila wakisikia "mungojee" walijua bado tupo. Hatimaye!

Akaendelea kusoma. "Lakini nani njo anachekaka pale mwisho? Tulikuwa tunangojea kile kicheko." Mwingine aliuliza vivyo hivyo. Na mwingine. Kumbe ni kicheko walichokuwa wakikingojea.

Nilitaka kumpokonya simu ile niivunje. Akaiweka chini mwenyewe.

"Yaya," akasema polepole, "ile siku ya kwaheri kuran haikukatikaka. Mashini ilikuwa inasaga."

Mashini! Tulitundika mablanketi kwa ajili yake, nami nikaisahau. Kila nilipochomoa waya ilikuwa ikinguruma nyuma ya ukuta, ikinisema.

"Ulijua tangu lini?"

"Mara ya kwanza."

"Sasa mbona hukusema?"

"Nilikuwa nakungojea weye useme."

Nilitamani anitukane, anipige hata kofi. Aliinuka tu, akanivutia kiti chake. "Ikala. Leo uongee weye. Miye nitalinda waya." Akaenda sebuleni, akakaa mahali pangu karibu na kisanduku.

Nikakaa. Taa nyekundu ikawaka. Mashini ilikuwa inasaga. Nilikuwa na maneno niliyoyapanga tangu siku nilipomkabidhi ile maikrofoni, na hakuna hata moja lililokuja.

"Mungojee kidogo," nikasema.

Nikatega sikio upande wa sebuleni. Hakucheka.