Radhi Niliyoitoa Ukumbini

Mpaka leo nikikutana na mtu wa mtaa wetu wa Bofu kwenye foleni ya feri natazama chini, maana najua anachokikumbuka, na aibu ile hakuna aliyenisukumia, niliifuata kwa miguu yangu mwenyewe.

Kazi yangu mnaijua. Naandika michezo, naigiza, nashona mavazi, nachora mapazia, na mwimbaji asipotokea naimba pia. Mchezo ulioniletea aibu hiyo, tulioigiza hapo Likoni, niliuandika mimi nikajipa nafasi tatu: mama mzee anayemngoja mwanawe, askari, na bibi harusi. Huyo mama mzee alikuwa akinishinda. Kazungu, mwelekezi wetu (mtu wa Kaloleni, hasemi sana), aliniambia tangu mazoezini, "Riziki, huyo bado ni wewe uliyekunja mgongo."

Basi siku yenyewe, Jumamosi alasiri, nimesimama nyuma ya pazia, suruali ya askari nimeshaivaa ndani na leso juu yake ili nisichelewe kubadilisha, nasikia ukumbi umejaa, na safu ya mbele amekaa mgeni aliyekuja kuchagua waigizaji wa runinga, nikaingiwa na hofu, nikaamua jambo dogo tu: nitamwigiza Bi Mwanasiti. Alikuwa jirani yetu, muuza mahamri, na alikuwa amefariki miezi saba kabla ya hapo. Sauti yake mtaa mzima uliijua, ilitokea puani na kuvuta mwisho wa kila neno. Nikajiambia ni dakika tano, na mwenyewe hatasikia.

Nikatoka. Neno la kwanza tu, ukumbi ukanyamaza hata nikasikia feni. Mama mmoja akasema polepole, "Innalillahi." Mimi (mjinga) nikadhani nimewapata. Sauti ikawa inakuja bila kuitafuta, na mkono wangu ukawa unajifuta pajani kama alivyokuwa akijifuta unga, jambo ambalo sikulifanyia mazoezi hata siku moja. Nikafika pale ninapomwita mwanangu chakula. Nilikuwa nimeandika, "Njoo ule, mwanangu." Kilichotoka kinywani ni, "Njoo ule, Pora wangu."

Nyuma ya ukumbi sauti ya mwanamume ikaitika, "Labeka, mama."

Alikuwa Athumani, mwanawe Bi Mwanasiti, baharia, aliyekuwa melini mamake alipozikwa na ambaye ndiyo kwanza amerudi wiki ile. Mtu mzima, ndevu zimeingia mvi. Akaja katikati ya viti, hakuna aliyemzuia, akapanda jukwaani, akapiga magoti mbele yangu na kushika upindo wa leso.

"Mama, una radhi nami?"

Hapo ndipo nilipopaswa kukoma. Ningesema, kaka Athumani, nisamehe, ni mimi Riziki. Lakini sisi waigizaji tumezoea kwamba mtu akikurushia neno jukwaani unalidaka, basi nikafungua kinywa, na ile sauti ikasema, "Nina radhi nawe, mwanangu. Sikukungoja kwa hasira."

Akalia mpaka mabega yakatikisika, na watu nao wakaanza kulia. Nikarudi nyuma hatua moja nijitoe, naye leso hakuiachia, ikafunguka, ikaanguka, nikabaki mbele ya ukumbi mzima na suruali ya askari, filimbi inaning'inia kiunoni, nywele zangu za bandia, za pamba nyeupe, zimeniangukia jicho moja. Mtu mmoja akacheka, kisha akakikatiza kicheko. Athumani akaitazama suruali, akapandisha macho mpaka usoni.

"Wewe ni nani?" akauliza, kwa upole, na upole huo ndio ulioniua.

Wallahi nilikimbia. Nilipita mlango wa nyuma, suruali naishika kwa mikono miwili, mpaka nyumbani. Mgeni wa runinga, nilikuja kuambiwa, aliondoka bila kuaga.

Nikadhani aibu imeishia hapo. Asubuhi mama akaniamsha. "Riziki, kuna watu mlangoni, na sijui niwaambie nini." Walikuwa wanawake saba, wamekaa barazani kimya, na mmoja ameshika shati la mtoto lililokunjwa vizuri. Akanipa.

"Mwambie mwanangu marehemu aniite mara moja tu," akasema.

Nikamrudishia shati, nikamwambia, mamangu, mimi ni mwigizaji, sina ninalolijua. Akaitikia kwa kichwa kama mtu anayejua anafichwa. Walikaa mpaka adhuhuri. Mama hakunilaumu, alifunga dirisha tu, na mama hafungi dirisha mchana.

Jioni nikaenda kwa Athumani kumwomba msamaha. Nilimkuta akipanga vyombo vya mamake. Nikamweleza yote, jinsi nilivyoiazima ile sauti na kwa nini, naye akanisikiliza mpaka mwisho.

"Kuigiza nimeelewa," akasema. "Hilo jina Pora, nani alikwambia?"

"Sijui, kaka. Labda nilimsikia akikuita."

"Aliacha kuniita hivyo nilipoingia chuoni. Nilimwomba mwenyewe, nikiona haya kuitwa jogoo mchanga mbele ya wenzangu. Wewe ulikuwa hujazaliwa."

Akauliza lile nililokuwa nikiliogopa. "Na ile radhi, uliitoa wewe au aliitoa yeye?"

Ningeweza kumpa jibu la kumtuliza, kusema nisiyoyajua ndiyo kazi yangu. Nikamwambia kweli: sijui.

Akaigeuza sufuria mikononi kwa muda mrefu. "Basi nitaichukua," akasema. "Lakini usimwite tena."

Sijamwita, na nimeapa sitaazima tena sauti ya mtu asiyeweza kunikatalia. Wazee nawaigiza bado, tena vibaya, wanaosema hivyo ni wengi na siwabishii. Afadhali ukumbi unicheke kuliko uniitike.